Mnyonge Mnyongeni, Haki ya Gary Kildall Mpeni

Mwaka wa 1999, nilipokuwa nimemaliza kidato cha nne nikisubiri kujiunga na chuo kikuu, wazazi wangu walinilipia karo katika chuo kidogo cha kompyuta hapa Uthiru. Chuo chenyewe kilikuwa chumba kimoja tu ghorofani, juu ya duka la vifaa vya ujenzi. Mlangoni tulivua viatu na kuvipanga safu kama waumini waingiao msikitini, kwani tuliambiwa kuwa vumbi letu jekundu lingeziua mashine. Mwalimu alipoiwasha kompyuta ya kwanza, kioo kilibaki cheusi kwa muda, kisha pembeni pakatokea herufi A na nukta mbili, na kando yake kijistari kilichokuwa kikipepesa kana kwamba kinangoja jibu.

Tulifundishwa kumjibu huyo aliyengoja. Ukiandika DIR, alikuorodheshea mafaili. Ukiandika REN, alilibadilisha faili jina. Ukijaribu kulipa faili jina la zaidi ya herufi nane, hakukubali. Tulikariri haya yote kama tulivyokariri ngeli za nomino shuleni, wala hakuna aliyetueleza yalikotoka. Ilinichukua miaka mingi, na shahada tatu za isimu, kutambua kwamba siku ile tulikuwa tukifundishwa lahaja ya lugha iliyokuwa imepewa kompyuta ndogo na mwalimu mwenzetu wa chuo kikuu, mtu ambaye wakati ule alikuwa amekwisha kufa, na ambaye jina lake halikutajwa hata mara moja.

Mtu huyo ni Gary Kildall. Alizaliwa mjini Seattle, Marekani, tarehe 19 Mei 1942, na akafariki Monterey, jimbo la California, tarehe 11 Julai 1994, akiwa na umri wa miaka 52. Wajuzi wa kompyuta wanalijua jina lake, lakini wengi wao wanalijua kwa kisa kimoja tu: kwamba siku wakubwa wa kampuni ya IBM walipombishia hodi na utajiri mkononi, yeye alikuwa angani akijistarehesha kwa ndege yake, na hivyo bahati ikamwendea Bill Gates. Waswahili husema kuwa lisemwalo lipo, na kama halipo laja. Katika makala haya ningependa kuonyesha kwamba hili lisemwalo halipo kwa namna lisemwavyo, na kwamba lililo muhimu zaidi kumhusu mtu huyu halisemwi kabisa.

Kildall alitoka katika jamii ya wanamaji. Ukoo wake ulikuwa na shule mjini Seattle ya kuwafundisha mabaharia namna ya kuiongoza merikebu, na yeye mwenyewe alifundisha humo akiwa kijana. Kazi ya shule ile ilikuwa hesabu za pembe, nyota na majira. Hesabu zilizochosha na ambazo kosa dogo ndani yake lingeweza kukizamisha chombo. Baadaye alijiunga na Chuo Kikuu cha Washington akasomea hisabati, kisha akavutwa na kompyuta. Mwaka wa 1969 jeshi la wanamaji la Marekani lilimpeleka Monterey kufundisha katika chuo chake cha masomo ya juu. Alitunukiwa shahada ya uzamifu mwaka wa 1972, na mwaka uliofuata akachapisha makala kuhusu namna ya kuiboresha kazi ya programu zinazotafsiri lugha za kompyuta. Makala hayo yangali yanafundishwa katika taaluma hiyo. Alikuwa, kwa ufupi, mtaalamu wa tafsiri.

Ili tuelewe alichokifanya, hatuna budi kukumbuka hali ya mambo ilivyokuwa wakati huo. Kabla ya mwaka wa 1971, kitengo cha kompyuta kinachofanya hesabu na kutoa maamuzi kiliundwa kwa vipande vingi vilivyounganishwa juu ya mabamba. Mashine ilikuwa na ukubwa wa kabati au wa chumba kizima, na ilimilikiwa na serikali, benki au chuo kikuu. Kisha kampuni moja ya Japani iitwayo Busicom ikaiomba kampuni changa ya Intel iitengenezee vipande vya vikokotoo. Wahandisi Ted Hoff, Stanley Mazor, Federico Faggin na Masatoshi Shima wakaishia kukiweka kitengo kizima juu ya kipande kimoja cha silikoni kisichoufikia ukubwa wa ukucha. Kipande hicho, kilichoitwa 4004, kilitangazwa sokoni mwezi wa Novemba 1971. Kilibeba transista 2,300. Hiyo ndiyo iliyokuwa maikroprosesa ya kwanza kuuzwa kwa umma. Mwaka wa 1972 ilifuatwa na 8008, na mwaka wa 1974 na 8080, iliyokuwa na nguvu za kutosha kuwa moyo wa kompyuta kamili.

Lakini maikroprosesa ilipozaliwa ilikuwa bubu. Haikujua herufi wala neno. Aliyetaka kuituma kazi alilazimika kuipangia tarakimu moja baada ya nyingine, kwa mpangilio ambao waliouelewa ni wahandisi wachache. Wengi, hata ndani ya Intel, walidhani kwamba matumizi yake yangekuwa kuongoza taa za barabarani, mizani na mashine za viwandani. Kildall aliisoma habari ya kipande kile akakumbuka hesabu za mabaharia. Akajinunulia, akaanza kuifundisha hesabu za pembe, na kazi hiyo ndiyo iliyomfikisha katika milango ya Intel, ambako aliajiriwa kuwa mshauri huku akiendelea kufundisha Monterey.

Mwaka wa 1973 akaitungia maikroprosesa lugha, akaiita PL/M. Msomaji asidhani kwamba hilo lilikuwa jambo dogo. Kwa mara ya kwanza mwandishi wa programu aliweza kuandika maagizo kwa sentensi zinazosomeka na binadamu, kisha programu nyingine ikazitafsiri sentensi hizo ziwe tarakimu zinazoeleweka na silikoni. Intel waliipokea lugha hiyo kwa furaha. Hata hivyo, kazi ya kutafsiri ilikuwa bado ikifanyiwa kwenye kompyuta kubwa. Kildall alitaka kompyuta ndogo ijitegemee, isome na kuandika yenyewe. Alikuwa amepata kifaa cha kusomea diski laini, sahani ya plastiki yenye upana wa inchi nane, lakini hakuwa na njia ya kukiunganisha. Rafiki yake John Torode akamtengenezea saketi ya kukiongoza, na mwaka wa 1974, katika mji mdogo wa Pacific Grove karibu na Monterey, mashine ikaamka, ikaandika alama yake kiooni na kungoja amri. Ilikuwa kompyuta kamili juu ya meza ya mtu binafsi.

Programu iliyoiamsha aliiita CP/M, kifupisho ambacho kwa Kiswahili tungekieleza kuwa ni programu ya kusimamia kompyuta ndogo. Leo tungeiita mfumo endeshi. Ni humo ambamo herufi A na nukta mbili, zilizonikaribisha hapa Uthiru robo karne baadaye, ziliingia katika kompyuta ndogo. Intel walionyeshwa mfumo huo, hawakuona haja ya kuuza. Kildall na mkewe Dorothy wakaanzisha kampuni yao nyumbani, wakaiita Digital Research, na kufikia mwaka wa 1976 wakawa wanauza CP/M kwa dola 70 za Marekani.

Hapo ndipo tunapofikia jambo ambalo mtu wa isimu hawezi kulipita bila kusimama. Baada ya kompyuta ya Altair kutangazwa mwezi wa Januari 1975, watengenezaji waliota kama uyoga, na kila mmoja alikuwa na namna yake ya kuunganisha kioo, kibodi na diski. Programu iliyoandikiwa mashine moja haikufanya kazi katika nyingine. Ilikuwa kama pwani yetu ilivyokuwa kabla ya Kiswahili sanifu: Kimvita huku, Kiamu kule, Kiunguja ng'ambo, na mchapishaji wa vitabu hajui achape kwa kipi. Sisi tulitatua tatizo hilo kwa Kamati ya Lugha iliyoundwa mwaka wa 1930, iliyofuata uamuzi wa kuifanya Kiunguja kuwa msingi wa usanifishaji. Uamuzi ambao, kama watu wa Mombasa na Lamu wajuavyo, uliwaachia wengine uchungu.

Kildall alilitatua kwa hekima ya namna nyingine. Aliugawa mfumo wake sehemu mbili. Sehemu kubwa, iliyoshughulikia mafaili na amri, aliiacha ile ile kwa mashine zote. Sehemu ndogo, iliyojua tabia za mashine mahususi, aliitenga kando na kuipa jina BIOS. Mtengenezaji mpya hakulazimika tena kuandika mfumo mzima. Aliandika kijisehemu hicho tu, na programu zote zilizokwisha kuandikwa zikaielewa mashine yake. Kila mashine ilibaki na lahaja yake, na papo hapo zote zikazungumza lugha moja. Hakuna lahaja iliyolazimika kufa ili usanifu upatikane. Naona kwamba hilo ndilo wazo kuu la maisha ya mtu huyu, na kila simu na kompyuta iliyo mikononi mwetu leo imejengwa juu ya mgawanyo wa aina hiyo, hata kama majina yamebadilika.

Matokeo yake yalikuwa makubwa. Programu ya kuandikia ya WordStar na ile ya kuhifadhia kumbukumbu ya dBase II zilikulia juu ya CP/M. Kompyuta ya Osborne 1 ya mwaka wa 1981, iliyobebwa kama sanduku la safari, iliuzwa nayo. Hata wenye kompyuta za Apple II, zilizotumia maikroprosesa ya 6502 isiyoielewa CP/M, waliuziwa na kampuni ya Microsoft kadi yenye maikroprosesa ya Z80 ili waweze kuitumia. Naam, Microsoft yenyewe iliwahi kuuza chombo cha kuendeshea mfumo wa Kildall.

Sasa tukirudie kile kisa cha ndege. Mwaka wa 1980 IBM iliamua kuunda kompyuta ndogo kwa haraka, ikahitaji mfumo endeshi. Bill Gates, ambaye hakuwa nao, aliwaelekeza kwa Kildall. Wajumbe walipofika Pacific Grove, ni kweli kwamba Kildall alikuwa amepaa kwa ndege yake, lakini alikuwa amekwenda kumwona mteja wa kampuni kwa shughuli za kazi. Mazungumzo ya biashara yalikuwa jukumu la Dorothy. Wajumbe waliweka mezani hati ya usiri iliyowafunga wenyeji na kuwaacha wageni huru. Dorothy na wakili wa kampuni wakasita kuitia sahihi. Masimulizi ya waliokuwepo yanatofautiana kuhusu kilichofuata mchana ule. Kilicho bayana ni kwamba hapakupatikana mkataba. IBM ilirudi kwa Microsoft, nayo Microsoft ikaununua mfumo ulioandikwa na Tim Paterson katika kampuni ya Seattle Computer Products, mfumo ambao amri na miito yake ya ndani ilifuata mtindo wa CP/M.

Kompyuta ya IBM ilitolewa tarehe 12 Agosti 1981. Kildall alipolalamika kwamba mfumo uliomo ulifanana mno na wake, IBM ilikubali kuuza CP/M pia, mnunuzi ajichagulie. Lakini mfumo wa Microsoft uliuzwa kwa dola 40, na wa Kildall kwa dola 240. Katika hali hiyo hapakuwa na uchaguzi. Sheria ya hakimiliki za programu nayo ilikuwa changa, na Kildall hakwenda mahakamani. Microsoft ilikuwa imejihifadhia haki ya kuwauzia watengenezaji wengine mfumo huo huo, na haki hiyo ndiyo iliyoijaza hazina yake.

Mtu akisema Kildall alizembea, namjibu kwamba mzembe hafanyi aliyoyafanya baadaye. Mwaka wa 1983 kampuni yake ilitoa lugha ya Logo kwa ajili ya kuwafundishia watoto, kwa sababu aliamini kwamba lugha ya kwanza ambayo mtoto hufundishwa humjenga namna ya kufikiri. Mwaka wa 1985 alishiriki kuiweka ensaiklopidia nzima juu ya sahani moja ya CD, wakati ambapo wengi walizijua sahani hizo kwa muziki tu. Kwa miaka kadhaa hadi 1990 alikuwa mmoja wa waendeshaji wa kipindi cha televisheni kilichowafafanulia wananchi wa kawaida mambo ya kompyuta. Mwaka wa 1991 kampuni yake iliuzwa kwa Novell, naye akabaki na mali ya kutosha. Hakufa maskini.

Kilichomuumiza kilikuwa kingine. Mwaka wa 1992 idara ya kompyuta ya Chuo Kikuu cha Washington, iliyomtunuku yeye shahada ya uzamifu, ilipoadhimisha miaka 25, mgeni wa heshima aliyealikwa kuhutubia alikuwa Bill Gates, ambaye hakuhitimu chuo chochote. Yeye aliyevumbua akaalikwa kuketi na kusikiliza. Alianza kuandika kumbukumbu zake, lakini hazikuchapishwa alipokuwa hai. Familia yake ilitoa sehemu yake hadharani mwaka wa 2016. Mwezi wa Julai 1994 aliumia kichwani katika baa moja ya Monterey, na siku tatu baadaye akaaga dunia. Mwaka wa 2014 chama cha kimataifa cha wahandisi wa umeme kiliweka bamba la kumbukumbu Pacific Grove, mbele ya nyumba iliyokuwa makao makuu ya kampuni yake. Alikuwa amelala kaburini miaka 20.

Msomaji ataniuliza, haya yote yatuhusu nini sisi wa Uthiru? Yatuhusu sana, kwa sababu lugha ambayo Kildall aliipa mashine haikuwa yetu, na tungali tunalipa karo yake.

Chukua mfano wa herufi nane. Kiingereza hutosheka nazo kwa urahisi. Neno letu mawasiliano lina herufi kumi na moja. Kwenye diski liligeuka kuwa MAWASILI, neno lisilo na maana. Kiswahili hata hivyo kilikuwa na bahati, kwani hakihitaji alama juu ya herufi zake. Jirani yetu Gĩkũyũ, ambayo ndiyo lugha ya wenyeji wa hapa Uthiru, haikuwa nayo. Zile alama 128 ambazo Wamarekani walizipanga katika miaka ya 1960, na ambazo kompyuta ndogo zilizirithi, hazikuwa na nafasi ya ĩ wala ũ, na kizazi kizima kikazoea kuiandika lugha ya mama bila irabu zake mbili.

Baadaye tulijaribu kutafsiri. Mwaka wa 2004 wataalamu wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam na wenzao walitoa Jambo OpenOffice, programu ya ofisi iliyo kwa Kiswahili, na Microsoft nayo ikatoa sura ya Kiswahili ya programu zake. Nazisifu juhudi hizo. Lakini kutafsiri maneno ya mashine iliyokwisha kujengwa ni kama kupaka rangi nyumba ya mtu mwingine. Kwa Kiingereza, mwandishi wa programu huweka neno moja lenye maana ya kufutwa, akaliambatanisha na jina lolote. Kwa Kiswahili kitabu kimefutwa, barua imefutwa, waraka umefutwa, picha zimefutwa. Upatanisho wa kisarufi hauwezi kubandikwa juu juu. Ni lazima aliyeijenga programu awe alijua tangu msingi kwamba kuna lugha zenye ngeli.

Na dawa yake ni ile ile ya Kildall. Yeye alitenga kilichobadilika kutoka mashine hadi mashine, ili kisizuie kilichokuwa sawa kwa zote. Nasi twahitaji programu ambazo waandishi wake wametenga lugha kando, sarufi na yote, ili mwanaisimu aweze kuijaza sehemu hiyo bila kuigusa nyingine. Kazi hiyo haiwezi kufanywa na mhandisi peke yake wala na mwalimu wa Kiswahili peke yake. Katika vyuo vyetu vikuu idara hizi mbili hutenganishwa na ua mmoja tu, na wahadhiri wake hukutana kwenye foleni ya chai. Tangu UNESCO ilipoitenga tarehe 7 Julai mwaka wa 2021 kuwa siku ya Kiswahili duniani, kila mwaka twakariri mashairi na kukisifu Kiswahili kwa Kiswahili sanifu. Mwaka mmoja na tuwakusanye wanafunzi wa isimu na wa kompyuta katika chumba kimoja siku hiyo, watengeneze mfumo mmoja mdogo unaojua ngeli.

Chuo nilichosomea kilifungwa zamani, na katika jengo lile sasa kuna saiba. Juzi nilipita hapo kuchapisha mitihani, nikamkuta mama mmoja wa makamo akijaziwa fomu ya Kiingereza na kijana wa zamu. Kijana aliuliza kwa Kiswahili, mama akajibu kwa Kiswahili, na kijana akaiandikia mashine kwa Kiingereza. Mama alilipa pesa za kujaziwa fomu na, bila kujua, pesa za mkalimani. Kijana alipomaliza, aliihifadhi fomu ile katika diski ya ndani ya kompyuta. Kiooni niliona jina la diski hiyo: herufi C na nukta mbili.